MADHABAHU: ASILI, MAANA NA MATUMIZI YA NENO HILI

Bismillahir Rahmaanir Rahiim.

Sifa zote njema anastahiki Allah (s.w.), Mola wa walimwengu wote. Rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), ahali zake, masahaba zake na wote wanaofuata mwenendo wake.



Katika somo letu la mwaka huu tumechagua kulieleza neno moja tu, nalo ni madhabahu. Sisi wakazi wa Mwanza na kandokando ya ziwa tunaishi ukuta kwa ukuta na majirani wasiokuwa Waislamu. Mtoto anayekuja madrasa jioni, asubuhi alikuwa shuleni, amekaa dawati moja na mtoto wa Kikristo. Analisikia neno madhabahu kwenye redio ya jirani, kwenye nyimbo za kwaya na kwenye mihadhara ya viwanjani. Kisha anakuja kutuuliza: je, na sisi tunayo madhabahu? Je, mihrabu ya msikiti ndiyo madhabahu yetu? Je, Al-Kaaba ni madhabahu? Wengine husikia mtaani habari za tambiko na kafara, wakadhani kuwa mambo hayo nayo yamo katika dini.

Maswali haya ni mazuri na yanahitaji majibu ya elimu. Tutaanza na asili ya neno, kisha tutaona wenzetu wanavyolitumia, na mwisho tutaeleza msimamo wa Uislamu.

1. ASILI YA NENO

Neno madhabahu limetoka katika Kiarabu. Mzizi wake ni herufi tatu: dhal, ba na ha, yaani dhabaha, maana yake amechinja. Katika Kiarabu, neno likitanguliwa na "ma" mara nyingi huonyesha mahali pa kufanyia jambo. Mifano mnayo midomoni kila siku:

(i) Darasa (amesoma), madrasa: mahali pa kusomea.
(ii) Kataba (ameandika), maktaba: mahali pa maandiko na vitabu.
(iii) Sajada (amesujudu), masjid: mahali pa kusujudia, yaani msikiti.
(iv) Dhabaha (amechinja), madhbah: mahali pa kuchinjia.

Kwa hiyo maana ya asili ya madhabahu ni mahali pa kuchinjia. Hata hivyo katika Kiswahili chetu hakuna mtu anayeyaita machinjio ya jiji kuwa ni madhabahu. Mahali pa kuchinjia ng'ombe wa biashara tunapaita machinjio. Neno madhabahu limebakia na maana ya dini peke yake: mahali patakatifu pa kumtolea Mungu, au kinachoabudiwa, mnyama au kitu kingine. Ndugu wa neno hili ni dhabihu, yaani kile kinachochinjwa kwa ajili ya ibada.

Linganisheni namba (iii) na namba (iv), kwa kuwa ndiyo kiini cha somo letu. Zipo dini ambazo nyumba yao ya ibada imejengwa kuzunguka mahali pa kutolea sadaka. Nyumba yetu ya ibada inaitwa kwa jina la kusujudu.

2. MATUMIZI YA NENO KWA MAJIRANI ZETU

(a) Mayahudi wa zamani

Katika Hekalu la Jerusalem palikuwa na madhabahu kubwa iliyotolewa wanyama na kuteketezwa kwa moto. Warumi walipolibomoa Hekalu mwaka 70 baada ya kuzaliwa Nabii Isa (a.s.), utoaji huo ulikoma, na Mayahudi wakabaki na sala na masomo katika masinagogi. Qur'an nayo inataja habari ya sadaka inayoliwa na moto katika Suratul Aal-Imran (3:183).

(b) Wakristo

Biblia ya Kiswahili iliyotolewa mwaka 1952, ambayo inasomwa makanisani mpaka leo, inatumia neno madhabahu. Wakatoliki wengi husema altare, neno lenye asili ya Kilatini. Altare ni meza iliyo mbele ya kanisa ambapo padri huadhimisha Misa kwa mkate na divai. Hapachinjwi mnyama hapo. Imani yao ni kwamba sadaka ni Yesu mwenyewe, na altare ndipo sadaka hiyo inapoadhimishwa. Katika makanisa mengi ya kilokole, madhabahu ni jukwaa la mbele anaposimama mhubiri, na watu huitwa kwenda mbele kuombewa. Wengine hulitumia neno hili kwa mfano, wakasema "madhabahu ya familia" kwa maana ya watu wa nyumba moja kukaa pamoja na kuomba.

Ni vyema mjue pia kwamba dini hizi mbili zimekaa pamoja katika ziwa letu kwa muda mrefu. Mwaka 1875, Henry Morton Stanley alipofika Kageye, katika Wilaya ya Magu ya leo, aliwakuta wafanyabiashara Waislamu kutoka pwani wameshaweka makazi. Miaka michache baadaye wamisionari wa Kikatoliki, White Fathers, walipita hapo hapo Kageye kwenda Buganda, kisha wakaanzisha misheni ya Bukumbi, kusini mwa mji wa Mwanza. Msikiti na kanisa vimeingia kwetu kwa kupitia fukwe zile zile.

Mfano mwingine uko Zanzibar. Soko la watumwa la Mkunazini lilifungwa mwaka 1873, na Waanglikana wakajenga kanisa kuu katika eneo lile lile. Kwa mapokezi ya watu, altare ya kanisa hilo iliwekwa pale ulipokuwa mti wa kuwafungia na kuwachapa watumwa. Kwa mfano huu mtafahamu kwa nini jirani yako Mkristo huona uchungu akisikia mtu anaidharau altare yake. Kwake hiyo ni zaidi ya meza. Tutalirudia jambo hili mbele.

(c) Mila za jadi

Wasukuma na makabila mengine ya kanda yetu walikuwa na tambiko kabla dini hizi hazijafika, na wapo wanaolifanya hadi leo. Hujengwa vibanda vidogo vya mizimu ya ukoo, au huchaguliwa mti au jiwe. Hapo humiminwa pombe, huwekwa unga au huchinjwa mnyama, na majina ya mababu hutajwa. Wenyewe hawatumii neno madhabahu, lakini ukitazama kazi yake, kibanda hicho au jiwe hilo ni mahali pa kuchinjia kwa ibada.

3. MIHRABU SI MADHABAHU

Baadhi ya wageni wakiingia msikitini huona uwazi uliochongwa katika ukuta wa mbele, wakadhani ndiyo madhabahu ya Waislamu. Jibu ni hapana, na sababu zake ni hizi:

(i) Mihrabu inaonyesha kibla tu. Hakitolewi kitu pale, hakichinjwi kitu pale, wala haombwi mihrabu. Imamu husimama hapo ili awe mbele ya safu.

(ii) Msikiti unasihi bila mihrabu. Wakati wa Mtume (s.a.w.) msikiti wa Madina haukuwa na mihrabu ya kuchongwa kama tunayoiona leo. Mihrabu ya namna hiyo iliwekwa pale Umar bin Abdul-Aziz alipoujenga upya msikiti huo akiwa gavana wa Madina, katika zama za Khalifa Al-Walid, mwanzoni mwa karne ya 8.

(iii) Neno mihrabu katika Qur'an lina maana ya chumba au mahali maalumu pa ibada. Nabii Zakariya (a.s.) alimkuta Maryamu na riziki katika mihrabu (3:37), na yeye mwenyewe alipewa bishara ya Yahya akiwa anaswali katika mihrabu (3:39). Katika aya zote mbili linalotajwa ni ibada na riziki ya Allah, hakuna habari ya kuchinja.

Hapa kwetu Mwanza kibla ni kaskazini, na kupinda kidogo kuelekea mashariki. Ukiswali katika ufuko wa ziwa bila ukuta wala mihrabu, swala yako ni kamili maadamu umeelekea huko. Kule Kizimkazi, Zanzibar, upo msikiti wenye mihrabu iliyoandikwa kwa khati ya Kikufi mwaka 500 Hijria, sawa na mwaka 1107. Mihrabu ile ni nzuri na ya kale, lakini mwenye kuswali mbele yake na mwenye kuswali juu ya mkeka Igoma wote wanaelekea kibla kimoja.

Na Al-Kaaba je? Nayo si madhabahu. Mahujaji huchinja Mina, nje ya Al-Kaaba na mbali nayo. Ama jiwe jeusi, Khalifa Umar (r.a.) alisema wazi mbele ya watu kwamba anajua ni jiwe lisilodhuru wala kunufaisha, na kwamba analibusu kwa sababu tu alimwona Mtume (s.a.w.) akilibusu.

4. AN-NUSUB: MADHABAHU ILIYOKATAZWA

Kabla ya Uislamu Waarabu walikuwa na mawe waliyoyaita nusub. Wanazuoni wametofautisha nusub na sanamu: sanamu lilichongwa sura, lakini nusub yalikuwa mawe ya kusimamishwa tu. Watu walichinja penye mawe hayo, wakayapaka damu na kuweka nyama juu yake. Mtume (s.a.w.) alipoifungua Makka mwaka wa 8 Hijria (mwaka 630), alikuta kandokando ya Al-Kaaba nusub 360, akawa anayapiga kwa fimbo yake huku akisoma kuwa haki imekuja na batili imeondoka.

Qur'an imetaja nyama iliyochinjwa juu ya nusub miongoni mwa vyakula vya haramu (5:3), na imeyataja mawe hayo pamoja na ulevi na kamari kuwa ni uchafu katika kazi za shetani (5:90). Zingatieni: mbuzi anaweza kuwa halali, kisu kikawa kikali, lakini nyama ikawa haramu kwa sababu ya mahali na nia ya kumchinjia asiyekuwa Allah.

Ipo hadithi katika Abu Daud inayolieleza jambo hili vizuri. Mtu mmoja aliweka nadhiri ya kuchinja ngamia mahali panapoitwa Buwana. Mtume (s.a.w.) akauliza kwanza: je, palikuwa na sanamu lililoabudiwa hapo zama za ujahili? Akaambiwa hapakuwa. Akauliza tena: je, palikuwa na sikukuu yao mojawapo? Akaambiwa hapakuwa. Ndipo alipomruhusu mtu yule atimize nadhiri yake. Maswali hayo mawili yatufae na sisi kila tunapoalikwa kuchinja mahali maalumu: kwa nini hapa, na kwa ajili ya nani?

5. KUCHINJA KATIKA UISLAMU

Uislamu umeibakisha ibada ya kuchinja, lakini umeondoa madhabahu. Tunachinja udh-hiya katika Idi ya kuchinja, tunachinja akika ya mtoto, na mahujaji huchinja huko Mina. Haya yote tunamkumbuka Nabii Ibrahim (a.s.), ambaye Allah (s.w.) alimkomboa mwanawe kwa mnyama mtukufu wa kuchinjwa (37:107). Lakini hakuna meza, jiwe wala jengo lililowekwa kuwa ndipo mahali patakatifu pa damu. Mtume (s.a.w.) alichinja Mina kisha akawaeleza watu kwamba yeye amechinja pale, lakini Mina yote ni mahali pa kuchinjia, basi nao wachinje kwenye makazi yao.

Yanayozingatiwa kwetu ni mambo mengine:

(i) Nia. Kuchinja ni kwa ajili ya Allah peke yake, kama swala ilivyo yake peke yake (6:162).
(ii) Jina. Hutajwa jina la Allah wakati wa kuchinja.
(iii) Wakati. Udh-hiya huchinjwa baada ya swala ya Idi. Aliyechinja kabla ya swala, hiyo ni nyama ya watu wa nyumbani kwake, si ibada ya udh-hiya.
(iv) Huruma. Kisu kinolewe vizuri na mnyama apumzishwe, asiteswe.
(v) Ugawaji. Nyama huliwa na kulishwa masikini, yule anayeomba na yule anayejizuia kuomba (22:36). Ng'ombe mmoja wanaweza kushirikiana watu saba. Mchinjaji halipwi ujira wake kwa nyama au ngozi ya mnyama huyo, bali hulipwa kando.

Na hekima yake imeelezwa katika Suratul Hajj (22:37): Allah hafikiwi na nyama wala damu ya wanyama hao, kinachomfikia ni uchamungu wetu. Kwa aya hii madhabahu inakosa kazi. Ikiwa damu haimfikii Mola, hakuna haja ya kuitafutia mahali pa kuipokea. Nyama iende kwa mjane, yatima na jirani.

6. MAFUNZO KWA WATU WA ZIWA

(a) Damu kwa ajili ya samaki

Wapo wavuvi wanaoambiwa wachinje jogoo au mbuzi ufukweni ili ziwa litoe sangara na dagaa kwa wingi. Tuwaulize kwa upole: Allah (s.w.) ametuhalalishia samaki bila hata kumchinja. Mtume (s.a.w.) alisema kuhusu bahari kwamba maji yake ni twahara na mfu wake ni halali. Kama samaki wa Mwaloni Kirumba hahitaji kisu ndipo awe halali, iweje tumwage damu ndipo apatikane? Riziki ya ziwa huombwa kwa dua, kwa kutengeneza nyavu, kwa kuacha uvuvi haramu unaomaliza vifaranga, na kwa kuvaa jaketi la kuokolea maisha.

(b) Neno kafara limeharibiwa

Katika sheria yetu kafara ni fidia ya kosa. Aliyevunja kiapo, kwa mfano, hulisha masikini kumi, au huwavisha, au humwacha huru mtumwa, na asiyeweza hufunga siku tatu (5:89). Yaani kafara yetu humlisha mtu. Mtaani neno hilo hilo limegeuzwa, likawa na maana ya kumtoa mtu ili mwingine apate mali.

Hili si jambo la mzaha katika kanda yetu. Tangu mwaka 2007 watu wenye ualbino wameuawa na kukatwa viungo Mwanza, Shinyanga, Geita na kwingineko, kwa sababu ya waganga waliowadanganya watu kuwa viungo hivyo vinaleta utajiri. Mwaka 2015 Serikali ilipiga marufuku wapiga ramli. Hata hivyo, mwaka 2024 mtoto mdogo mwenye ualbino aliuawa huko Muleba, mkoani Kagera. Wanafunzi wetu, anayemdhuru mtu kwa ajili ya utajiri ni muuaji na mshirikina kwa pamoja. Mkimsikia mtu yeyote, hata akiwa amevaa kanzu na kushika tasbihi, anazungumza habari hizo, mwambieni mzazi au mwalimu siku hiyo hiyo.

(c) Kisu kisitugombanishe

Mwaka 2013 mikoa ya Mwanza na Geita ilipata mgogoro mkubwa juu ya nani achinje nyama inayouzwa buchani. Mwezi wa Februari vurugu zilitokea Buseresere, mkoani Geita, na mchungaji mmoja akauawa. Watu waliokuwa wakinunua nyama kwenye bucha moja kwa miaka mingi waliogopana.

Tukumbuke tuliyosoma. Sisi tunashika masharti ya kuchinja kwa sababu ni dini yetu, na tuna haki ya kujua nyama tunayokula imechinjwaje. Lakini kisu cha Mwislamu kimewekewa adabu hata mbele ya mbuzi, seuze mbele ya binadamu. Katika sura ile ile iliyotufundisha kuwa damu haimfikii Allah, aya tatu baadaye (22:40) zimetajwa nyumba za watawa, makanisa, masinagogi na misikiti kwa pamoja, kuwa ni mahali ambapo Allah huziepusha na kubomolewa kwa kuwazuia watu wengine kwa wengine. Na tumekatazwa kuwatukana wanaoabudiwa na wengine, wasije nao wakamtukana Allah kwa ujinga (6:108). Basi mwanafunzi wa madrasa hacheki altare ya mwenzake, wala halichezei neno madhabahu kwa dhihaka. Akiulizwa, hujibu kwa elimu: "Sisi hatuna madhabahu, tunachinja popote palipo safi kwa jina la Allah, kisha tunagawa." Jibu hilo linatosha.

7. HITIMISHO

Tumeona kuwa madhabahu maana yake ni mahali pa kuchinjia. Kwamba majirani zetu wanalitumia kwa maana zao. Kwamba mihrabu na Al-Kaaba si madhabahu. Na kwamba Uislamu ulivunja nusub ukabakisha nia, jina la Allah na chakula cha masikini. Mtume (s.a.w.) ametueleza kwamba ardhi imefanywa kwake kuwa mahali pa kusujudia na kitu cha kujitwaharishia. Hivyo ufuko, shamba na uwanja wa shule vyote ni mahali pa kumsujudia Allah, na hakuna jiwe hata moja kati ya majabali yote ya Mwanza linalodai damu yetu.

Wazazi tunawaomba msome somo hili pamoja na watoto nyumbani, hasa siku za kukaribia Idi ya kuchinja, na muwashirikishe katika kugawa nyama.

ZOEZI

1. Taja maneno mengine mawili ya Kiswahili yenye asili ya Kiarabu yanayoanza na "ma" na kuonyesha mahali.
2. Eleza sababu tatu za kuonyesha kuwa mihrabu si madhabahu.
3. Nini tofauti ya sanamu na nusub?
4. Mtume (s.a.w.) aliuliza maswali gani mawili kuhusu Buwana, na yanatufundisha nini?
5. Linganisha maana ya kafara katika sheria na maana yake mtaani.
6. Rafiki yako Mkristo anakuuliza kwa nini Waislamu wanachinja siku ya Idi. Andika jibu lako kwa adabu, lisizidi mistari kumi.

Tunamuomba Allah (s.w.) atupe elimu yenye manufaa, atuepushe na ushirikina mkubwa na mdogo, na adumishe amani katika mitaa yetu. Aamiin.

Wabillahi tawfiq.